Mkono wa Kapteni Nyangwine

Siku ya mazishi ya mjomba wangu, Kapteni Nyangwine, mtu mmoja alisimama akasoma kwamba marehemu alikuwa bingwa wa kupiga mpira wa kriketi. Waombolezaji wakatikisa vichwa kwa heshima, ingawa kati yao hapakuwa na hata mmoja aliyewahi kuuona mchezo wenyewe. Nilitamani kusimama nimkatize. Mjomba hakujua kupiga. Alisema mwenyewe, huku akicheka, kwamba akishika kile kibao cha kupigia, mpira wa kwanza ulimpita na wa pili ulimgonga goti. Alichokuwa nacho ni mkono wa kurusha. Nadhani msomaji alichagua kusifia kibao kwa kuogopa kuutaja mkono, maana kijiji chetu cha Nyanungu kizima kilijua mkono ule ulifanya nini.

Mkono huo hakuupata ng'ambo. Aliupata hapa hapa, akichunga ng'ombe wa babu. Ng'ombe akitaka kuingia shamba la mtu, mchungaji mvivu humkimbilia kwa miguu, na mchungaji hodari humrushia jiwe likaanguka mbele ya pua yake, akashtuka akageuka. Jiwe halimgusi. Babu akimwona mtoto amempiga ng'ombe, alimpiga mtoto. Kwa hiyo mjomba alikua akijua kulaza jiwe pale anapotaka, karibu kabisa na kiumbe hai, bila kukidhuru. Huo ndio ufundi aliokwenda nao jeshini.

Aliingia jeshi lilipokuwa changa, nalo likampeleka India kusomea uofisa. Huko maofisa walicheza kriketi kila walipopata nafasi, na mwanafunzi mgeni hakuwa na pa kujificha. Kwa asiyeujua mchezo: watu wawili wanakimbia wakipishana kati ya vijiti vilivyosimikwa huku na huku, na wewe uliye mbali uwanjani ukiokota mpira ukavipiga vijiti kabla mkimbiaji hajafika, mtu huyo ametoka. Mwalimu wao alimwona mjomba akirusha mara moja tu, akamweka mwisho kabisa wa uwanja, mahali ambapo wengine waliwekwa wakae kimya. Kilichobaki kilikuwa kumrekebishia kosa moja aliloliona: mpira wake ulikuwa unaanguka mbele kidogo ya vijiti.

"Nyangwine," alimwambia, "hapa hatutishi vijiti. Tunavipiga."

Mjomba aliisimulia habari hiyo kwa kujisifu miaka mingi. Mwishoni hakuisimulia tena kwa namna hiyo.

Alirudi, akapangiwa Dar es Salaam, na Jumapili akawa anacheza kriketi mtaa wa Upanga na vijana wa Kihindi wenye maduka. Mke wake, mama mdogo Agustina (sisi tulimwita hivyo ingawa ni mke wa mjomba, kwa kuwa alitulea), alikuwa anakwenda kutazama na kusinzia. Alituambia ni mchezo wa watu wasio na mazao ya kuvuna, maana unaanza asubuhi na jua linazama hawajamaliza. Lakini alikiri kwamba mume wake akiokota mpira, watu waliokuwa wanakunywa chai waliacha vikombe.

Vita vya Kagera vikaja. Alikwenda, akapigana, akaua, hakuficha. Aliporudi likizo Nyanungu, wazee walimpokea njiani kabla hajakanyaga ua wa nyumbani. Walichinja kondoo, wakamwogesha kwa maji ya majani, wakamlisha. Kwetu mtu aliyemwaga damu hawezi kuingia tu na kuketi mezani kama aliyetoka mnadani. Anaogeshwa kwanza. Mjomba alikuwa Mkatoliki wa kujua misa yote kwa moyo, lakini alisimama pale kwenye majani kwa utulivu, na baada ya hapo alilala usingizi mzuri. Wale aliowaua vitani hawakumsumbua tena.

Alistaafu akiwa kapteni, akajenga nyumba ya bati karibu na ya mama yangu, akanunua ng'ombe, na kwa kuwa alikuwa hawezi kukaa bure, akaanza kuwafundisha vijana kriketi kwenye uwanja wa malisho. Vibao walichonga kwa mbao za mgrevilea. Vijana wengi walikuja kwa ajili ya kucheka, wakaondoka walipochoka kucheka. Aliyebaki ni Joel.

Joel alikuwa mtoto wa Boke, mama mjane jirani yetu. Baba yake, ambaye alifariki Joel akiwa bado ananyonya, alitahiriwa mwaka mmoja na mjomba, na kwetu mtoto wa mtu wa rika lako ni mtoto wako. Unaweza kumkemea, unaweza kumtuma, na akikosa ada unaulizwa wewe. Boke alikuwa na mabinti walioolewa mbali, pamoja na huyo mvulana mmoja. Joel alikuwa mrefu, mwenye miguu ya swala, na mjomba alimpenda kwa namna ambayo Agustina aliitania. Alimfundisha kukimbia kati ya vijiti. Alimwambia jambo moja mara nyingi hata sisi tuliokuwa tukipita na kuni tulilijua: ukianza kukimbia usigeuke nyuma, anayegeuka kuutazama mpira anapoteza hatua, wewe tazama unakokwenda.

Joel akalishika.

Kisha dhahabu ikatutia wazimu sote. Ilikuwa inachimbwa Nyamongo tangu zamani kidogo kidogo, lakini mwaka ule wa tisini neno lilienea kwamba watu wanatoboa maduara, yale mashimo marefu ya kuchimbia, wanakutana na mawe yanayong'aa. Watu wakatoka Nyanungu, wakatoka Kisaka na Nyambureti upande wa Serengeti, wakatoka Wajaluo wa ziwani pamoja na binamu zao wa kutoka Kenya. Katekista wetu aliacha kengele ya kanisa ikapigwa na nani sijui, akaenda kuchimba. Walimu wakawa wagonjwa wote siku moja. Mahindi yalioza shambani. Mtu mwenye shati moja alirudi na redio, na mtu mwenye ng'ombe kumi alirudi na shati moja. Mimi nilikuwa nimemaliza kidato cha nne, nipo nyumbani nasubiri matokeo, na nilichukia kuona jinsi watu wazima walivyogeuka kuwa watoto.

Palipo na watu wengi kiasi kile pana wizi. Wachimbaji walikuwa wanapandisha mawe yao kutoka chini, wanayafunga kwenye viroba, na kabla hawajayafikisha kwenye karasha kusagwa, kiroba kimepata miguu. Wenye maduara wakamwendea mjomba. Walimwambia afande, wewe umeamrisha majeshi, njoo utuwekee ulinzi. Agustina alikataa. Alisema pale hakuna adui, kuna njaa tu. Mjomba hakumsikiliza. Nadhani alikuwa amechoka kuheshimiwa na ng'ombe.

Akapanga vijana kwa zamu, akawapa filimbi na rungu, akawafundisha kusimama wima. Wizi ukapungua. Watu wakamsifu sana, naye akapenda kusifiwa, na alikuwa mwepesi wa kusema hivyo baadaye: "Nilivaa kofia yangu ya jeshi kila siku, mpwa wangu, na hakuna aliyeniagiza."

Yaliyotokea alasiri ile ameyasema yeye mwenyewe, tena si kwangu tu, nami nayaweka mahali pake. Wingu lilikuwa limefunga, mvua inakaribia, watu wanahangaika kufunika mawe yao. Mjomba alikuwa amesimama juu ya kifusi. Chini kwenye njia inayopita kati ya maduara akatokea mtu anakimbia, kiroba kichwani kimemfunika hadi masikio. Mtu fulani akapiga kelele, "Mwizi!" Filimbi ikalia. Watu wakaitikia kelele bila kujua ni nani wala kwa nini, kama ilivyo kawaida ya umati. Vijana wa zamu walikuwa mbali. Mjomba aliita, "Simama!" Mtu yule hakusimama wala hakugeuka. Alikaza mwendo, macho mbele.

Mjomba akainama, akaokota jiwe, akarusha.

Alisema hakufikiri. Alisema mkono ulifanya kazi yake kabla yeye hajafika. Angekuwa bado ni mtoto wa kuchunga ng'ombe, jiwe lingeanguka mbele ya yule mtu, akashtuka, akasimama. Lakini miaka ya India na Upanga ilikuwa imemwondolea tabia ile ya kulaza jiwe mbele. Alimwona mkimbiaji, akaona mahali pa kupiga, akapiga. Jiwe lilimpata nyuma ya sikio, chini ya kiroba. Akayumba hatua mbili, akaingia kwenye duara lililokuwa wazi pembeni mwa njia.

Waliposhuka kumtoa, alikuwa amekwisha kufa. Walipomgeuza uso, alikuwa Joel.

Na kiroba kilikuwa chake. Wenzake wa duara walikuja wakilia wakaeleza: ule ulikuwa mgao wake wa juma zima, alipewa mbele yao, na alikuwa anakimbia kuwahi zamu yake ya karasha kabla mvua haijanyesha. Aliyepiga kelele ya mwizi hajajulikana mpaka leo. Mvua ikanyesha, ikaosha kila kitu, na watu wote walioona walisema jambo moja, kwamba kijana alikuwa na mzigo unaomziba macho, akateleza akaingia shimoni. Maduara yalikuwa yameshaua wengi kwa namna hiyo. Kila mtu alikuwa anatazama mkimbiaji, hakuna aliyetazama kifusi alikosimama Kapteni.

Mjomba alinyamaza. Alisimamia mwili ukaletwa Nyanungu, alisimamia kaburi, alihakikisha kiroba kimesagwa na kila chembe imefika kwa mama wa marehemu, na watu wakasema huyu ndiye mtu wa rika kweli. Kila waliposema hivyo alitafuta la kufanya, afunge kamba ya ng'ombe, akate kuni, mradi asitazame mtu. Aliacha ulinzi. Kofia akampa jirani avae shambani. Mpira mwekundu aliokuja nao kutoka Dar es Salaam hatukuuona tena, wala hatukuuliza.

Jambo moja tu lilimponyoka, na hatukulielewa. Hakula tena nyumbani kwa Boke.

Ni lazima nieleze. Kwetu mtu mwenye damu ya nyumba fulani mikononi hali chakula cha nyumba ile mpaka jambo litajwe na wazee watambike. Akila kwa siri, balaa haimpati yeye. Inawapata wa nyumba ile, hasa watoto wachanga. Unaweza kuamini au usiamini. Mjomba alipigana na bunduki za kisasa na alijua kusoma ramani, na aliamini. Boke alikuwa jirani, anakaribisha watu, na mjomba alikuwa anakwenda pale karibu kila siku, anamrekebishia paa, anamchanjia kuni, anamfungia ng'ombe wagonjwa. Akiletewa uji alisema tumbo. Akiletewa ugali alisema ametoka kula. Akiletewa maziwa alisema daktari wa jeshi amemkataza.

"Baba Mokami," Boke alimtania mbele yetu, akimwita kwa jina la binti yake mkubwa, "jeshi lilikufundisha kula hewa?"

Mjomba alicheka kicheko kisichofika popote, akarudi kwenye kuni zake. Mimi nilimwona na nikadhani ana kiburi. Nilimkasirikia kwa niaba ya Boke.

Boke naye hakukaa kulia tu. Dhahabu ya kiroba kile aliibadilisha kuwa ng'ombe, na ng'ombe wale aliamua kuwatoa mahari. Kwetu mwanamke asiyebakiwa na mtoto wa kiume anaweza kuoa mkamwana. Anatoa mahari, msichana anakuja kukaa kwake akiwa mke wa mwanawe, awe mwana huyo amekufa au hakuzaliwa kabisa, anazaa na mwanaume aliyekubaliwa, na watoto wanakuwa wajukuu wa nyumba ile. Tunaiita nyumba ntobhu. Wageni wakisikia hucheka. Sisi tumezoea, ingawa sikumbuki msichana yeyote aliyeulizwa vizuri kabla.

Aliyepatikana ni Regina, kutoka Kisaka. Alikuwa wa umri wangu, mweusi wa kung'aa, mkimya, mwenye mikono inayojua kazi. Alifika na kitenge kimoja na rozari. Siku za kwanza nilimsindikiza mtoni na nikamwuliza kama alilazimishwa. Alisema kwao walikuwa na shida na yeye alikubali, na kwamba mtu akikubali jambo analifanya. Kisha akaniuliza Joel alikuwa mtu wa namna gani. Nikamwambia alikuwa anakimbia sana. Akauliza alipenda kula nini, alikuwa anacheka vipi, kama alikuwa na hasira. Kila tulipokwenda mtoni aliuliza. Nilimjibu yote niliyoyajua, na nilipoishiwa nilimwuliza Boke nikarudi na majibu. Nilidhani ni udadisi wa mgeni. Chumbani kwake aliomba kuwekewa shati la Joel lililobaki, likatundikwa ukutani.

Ikabaki kumchagua mwanaume. Boke alifikiri sana, halafu akawaambia wazee anamtaka Kapteni Nyangwine. Sababu zake zilikuwa nzuri zote. Hanywi. Ni mtu wa rika la marehemu mume wake, kwa hiyo damu haiendi mbali. Na ndiye aliyempenda Joel kuliko mwanaume yeyote aliyebaki duniani.

Agustina alipoambiwa alisema kama ni kwa ajili ya nyumba ya Boke yeye hatasimama mlangoni, ila padri asiulize. Mjomba alipoambiwa alikataa. Wakarudi. Akakataa tena. Alisema ni mzee, wakati hakuwa mzee. Alisema ni Mkristo, wakamwambia na wao ni Wakristo. Boke akaja mwenyewe, akakaa kizingitini kwa mjomba, akalia. Alisema, "Baba Mokami, kama nimekukosea niambie. Huli kwangu, sasa hutaki hata jina la Joel liitwe tena. Nimekufanyia nini?"

Mjomba akakubali. Nilikuwepo, na sijawahi kuona mtu akikubali jambo kwa uso kama ule.

Mambo hayo hufungwa kwa chakula. Wazee wanakuja, mkamwana anapika, mwanaume aliyechaguliwa anakula wa kwanza kutoka sahani ya nyumba ile, wengine wanafuata, na imekwisha. Boke alichinja. Mimi nilikuwa jikoni na Regina tangu asubuhi, tukasonga ugali wa wimbi, tukachemsha nyama. Regina alivaa gauni jipya, nikamtania, akatabasamu. Wazee wakaketi uani. Mkubwa wao alikuwa Mzee Waisiko, mtu mpole anayependa mambo yaishe. Mjomba akawekwa katikati. Regina akapiga goti, akaweka sahani mbele yake, akarudi akasimama mlangoni pa jiko kando yangu.

"Kula, Kapteni," Mzee Waisiko alisema. "Wengine tuna njaa."

Watu wakacheka. Mjomba akanawa mikono. Akakata tonge. Akalichovya kwenye mchuzi kwa mkono ule usiojua kukosa. Akalirudisha tonge sahanini.

"Siwezi kula hapa," alisema. "Nikila hapa mtoto atakayezaliwa atakufa. Mama Joel, mwanao hakuteleza. Nilimpiga jiwe. Mimi."

Akasimulia kila kitu, kwa sauti ya mtu anayetoa ripoti, mgongo wima. Alisema aliposimama, alipoinama, jiwe lilivyokwenda. Alisema Joel hakugeuka kwa sababu yeye ndiye aliyemfundisha asigeuke, na kwamba angegeuka angemtambua. Alisema amelala na jambo hilo tangu siku ile na hakulisema kwa woga, si wa jela, bali wa uso wa Boke. Kisha akamtazama.

Boke akainuka, akaenda nyuma ya nyumba. Tulimsikia. Sitaieleza sauti ile.

Wazee hawakungoja hata arudi, na hapo ndipo hasira yangu juu yao ilipoanzia, na haijaisha. Mzee Waisiko alisema ni bahati mbaya, haikuwa kusudi. Mwingine akasema vitani kuna makubwa kuliko hayo. Wa tatu akauliza kondoo wa tambiko atatoka wapi, kana kwamba kondoo ndiye aliyekuwa anakosekana. Mjomba alisema anataka kwenda polisi Tarime. Wakamkataza. Walisema atamfukua kijana wa watu, atamletea Boke maaskari, na kijiji kitachafuka. Jambo limetajwa, litatambikwa, na lisitoke nje ya ua ule. Boke aliporudi alikuwa amezeeka. Alikaa chini akasema maneno ambayo bado yananiuma, kwa kuwa niliona yanatoka kwa mtu asiye na pa kwenda.

"Tambikeni," alisema. "Umeniondolea mmoja, Baba Mokami. Nipe mmoja. Mimi nataka mjukuu kabla sijafa."

Wazee wakashusha pumzi. Mzee Waisiko tayari alikuwa anakunja mikono ya shati.

Regina akatoka mlangoni. Alitembea hadi katikati ya wanaume, akapiga goti kwa adabu zote alizofunzwa kwao.

"Shikamooni, wazee wangu. Naomba kuuliza. Mimi nimeolewa na nani?"

"Umeolewa na nyumba ya Joel," Mzee Waisiko alijibu.

"Kwa hiyo Joel ni mume wangu?"

"Ni mume wako, binti."

"Basi huyu amemuua mume wangu," Regina alisema. "Mimi siwezi kulala na mtu aliyemuua mume wangu. Na tambiko linataka chakula nilichopika mimi. Sitampikia."

Akainua sahani iliyokuwa mbele ya mjomba, na ugali wote, na nyama, akaenda nayo hadi kwenye shimo la takataka akaimwaga. Hakuna aliyemzuia. Alikuwa hajamwona Joel hata siku moja, na alikuwa analia kama mjane anavyolia, kwa mwili mzima. Nilielewa maswali yote ya mtoni. Wazee walipoanza kunong'ona kwamba msichana amechanganyikiwa, mjomba alisimama.

"Ni kweli, mama," alimwambia, yeye mwenye binti mkubwa kuliko Regina. Akaondoka.

Ikawa hivyo, na miaka ikapita. Wazee walitunza siri yao vizuri. Boke alimchagua mwanaume mwingine, mtu wa upande wa Nyambureti, na Regina akamzalia wavulana. Tambiko la mjomba halikufanyika kwa kuwa aliyepaswa kupika alikataa, na kila Pasaka Mzee Waisiko alikwenda kumbembeleza, na kila Pasaka alirudi na jibu lile lile. Mjomba hakumtuma mzee wala hakumlaumu Regina. Alipita mbali na ua wa Boke, akatazama chini.

Lakini siri ya wazee iliangukia kichwa cha mtu. Regina akikutana na mjomba njiani alikuwa hamwamkii. Aliamkia kila mkubwa, hata walevi, hata wagonjwa wa akili, akifika kwake anafunga mdomo na kupita. Watu waliona. Hawakujua sababu, wakaona kiburi tu. Kapteni mzee, mtaratibu, aliyemzika mume wake kwa heshima, na yule msichana wa kununuliwa kutoka Kisaka hawezi hata kumpa shikamoo. Wanawake wakaacha kumwalika kwenye kulima kwa zamu. Kisimani walimpa mgongo. Jina lake likawa mfano wa kuonyea mabinti, na watoto wake wakaitwa watoto wa asiye na adabu. Mimi nilijua na nilikuwa nimezuiwa kusema. Nilimwambia mjomba. Alikuwa ameshika ndoo ya maziwa, akaiweka chini, akakaa juu ya jiwe, na jioni Agustina alimkuta bado pale.

Siku ya mnada wa ng'ombe iliyofuata, uwanja ulikuwa umejaa, watu wa Sirari na wa ng'ambo ya mpaka, wanunuzi, wauza nguo. Regina alikuwa ameleta mbuzi wa Boke. Mjomba akapita mbele yake na fimbo yake, Regina akatazama pembeni. Mwenyekiti wa mnada, mtu mwenye sauti kubwa na mapenzi ya kusikika, akamshika Regina mkono.

"Wewe mwanamke, mpaka lini? Humwoni Kapteni? Kwenu hamkufunzwa? Leo utamwamkia mbele yetu, au mbuzi wako hauzwi hapa."

Watu wakasogea. Wengine wakapiga makofi. Regina alisimama na kamba ya mbuzi mkononi, midomo imebana, hakusema neno la kujitetea, ingawa neno hilo alikuwa nalo miaka yote.

Mjomba akarudi. Alimwondoa mwenyekiti mkono, taratibu. Kisha akavua kofia yake ya ukindu, na akasema kwa sauti yake ya gwaride, ambayo hatukuwa tumeisikia tangu machimbo:

"Mwacheni. Hana deni la shikamoo kwangu, wala mimi simdai. Joel wa Boke hakuteleza Nyamongo. Nilimuua mimi kwa jiwe. Huyu ni mke wake, na katika kijiji chote ni yeye peke yake aliyenitendea kama nilivyostahili."

Mwenyekiti akajipenyeza nyuma ya watu. Mjomba alibaki amesimama, kichwa wazi juani, akiwapa watu nafasi ya kumtazama. Na wakamtazama, wale wale waliomsifu kaburini. Askari wawili wa mnadani walitazamana, wakaja, naye akawanyooshea mikono kabla hawajaomba. Walikaa naye siku kadhaa, wakaandika maelezo, halafu kwa uzee na kwa kukosa shahidi wakamrudisha nyumbani, jambo ambalo alilichukia kuliko jela.

Wanawake wa kisimani walianza kumpisha Regina ateke maji kwanza, na msimu uliofuata wakaja wote kulima shamba lake bila kuitwa. Mjomba aliishi miaka mingi baada ya hapo, akikutana naye njiani, kisimani, kanisani. Regina hakumwamkia siku ile ya mnada, wala siku nyingine yoyote.